Mishahara analipa nani? Scott Harrison na ahadi ya asilimia 100

Charity: water ni shirika lililoanzishwa New York linalochangisha fedha za maji safi kwa ajili ya vijiji vya Afrika, Asia na Amerika ya Kati. Tangu 2006 limekusanya mamia ya mamilioni ya dola, sehemu kubwa kupitia intaneti, na limefikisha maji kwa zaidi ya watu milioni 15. Ahadi yake kubwa ina maneno machache tu: asilimia 100 ya mchango wako inakwenda kwenye maji.

Aliyewahi kuendesha hata genge la nyanya atauliza hapo hapo: pango la ofisi, mishahara, umeme, nauli za ndege na makato ya benki analipa nani? Swali hilo ni halali na jibu lake liko wazi, lakini watu wengi hawafiki kwenye jibu. Wapo wanaosema moja kwa moja kwamba hao ni waongo. Wapo wanaodhani pale ofisini watu wanafanya kazi bure. Wote wamekosea, na ili kuona hasa fedha zinavyotembea inabidi tuanzie kwenye klabu za usiku za Manhattan, jijini New York.

Scott Harrison, mwanzilishi wa shirika hilo, alizaliwa 1975 na kukulia New Jersey. Alipokuwa bado mtoto mdogo, gesi ya kaboni monoksaidi ilivuja kutoka kwenye mtambo wa kupasha nyumba joto na kumdhuru mama yake kiasi kwamba mwili wake haukurudi tena katika hali ya kawaida. Mtoto huyo wa pekee alikua akipika, akifanya usafi na kumuuguza mama, katika nyumba ya watu wa kanisa. Alipofika miaka 18 akahamia New York, nywele zikawa ndefu, akajiunga na bendi, bendi ikavunjika, naye akaingia kwenye kazi ya upromota. Akakaa humo takriban miaka 10.

Promota wa klabu hamiliki klabu. Mtaji wake ni orodha ya majina. Anajua nani akialikwa atawavuta wengine, nani asimamishwe nje kidogo ili ndani paonekane pa thamani, na picha ipi ikisambaa kesho yake asubuhi itawafanya waliokosa kuja wajute. Ukumbi ukijaa, hesabu ya usiku huo huwa na pande mbili. Umati unalipa kiasi kidogo mlangoni, na meza chache za wenye fedha zinanunua chupa kwa bei ambayo dukani hutaikuta. Umati ndio unaoleta uhai wa mahali, lakini meza ndizo zinazobeba gharama. Harrison mwenyewe amesimulia mara nyingi kwamba kampuni za pombe zilikuwa zikimlipa ili tu aonekane hadharani akinywa kinywaji chao. Ushikilie mpango huo wa umati na meza, maana utatufaa mbele.

Mwaka 2004 aliacha kazi hiyo. Anasema alichoshwa na mtu aliyekuwa amekuwa, na aliamua kutoa mwaka mmoja wa utumishi kufidia miaka 10 ya anasa. Akaomba nafasi katika mashirika kadhaa ya misaada, yakamkataa. Nani angemwajiri promota wa disko kwenye kazi ya maafa? Mercy Ships, shirika la Kikristo linaloendesha meli za hospitali, lilimkubali kama mpiga picha kwa sharti kwamba yeye ndiye alipe dola 500 kila mwezi. Akapanda meli hadi Afrika Magharibi, na Liberia ilikuwa ndiyo kwanza inatoka vitani.

Kazi yake ilikuwa kupiga picha za wagonjwa kabla na baada ya upasuaji: vivimbe vikubwa usoni, midomo iliyopasuka, macho yenye mtoto wa jicho. Lakini alipotoka bandarini kwenda vijijini, aliona watu wakinywa maji ya madimbwi yenye ukijani juu, na akaanza kuunganisha mambo. Sehemu kubwa ya magonjwa yaliyokuwa yakijaza foleni za madaktari ilianzia kwenye ndoo.

Jambo alilolifanya wakati akiwa kwenye meli ndilo lililozaa yote yaliyofuata. Alikuwa bado na orodha yake ya klabu, anwani za barua pepe zipatazo 15,000 za wanamitindo, watu wa benki, wahariri wa majarida na watu wa starehe. Watu waliozoea kupokea mialiko ya sherehe wakaanza kupokea picha za vivimbe vya Liberia. Baadhi waliomba watolewe kwenye orodha. Wengine waliandika kuuliza wanaweza kutuma nini.

Septemba 2006 alitimiza miaka 31. Akaandaa sherehe ya kuzaliwa katika klabu mpya ya Manhattan, akawaita watu kwa ile orodha, na mlangoni kila mmoja akalipa dola 20. Walikuja watu wapatao 700, zikapatikana takriban dola 15,000. Fedha zote zilipelekwa kwenye kambi ya Bobi, kaskazini mwa Uganda, kwa watu waliokimbia vita vya waasi wa Lord's Resistance Army. Visima vingine vilichimbwa vipya, vingine vilikuwa vimekufa vikafufuliwa. Kisha akafanya jambo ambalo wachangishaji wengi wa wakati huo hawakuwa wakilifanya: aliwarudia wale watu 700 kwa barua pepe, akawatumia picha za visima pamoja na vipimo vya ramani vya mahali vilipo. Wengi walikuwa wameshasahau kwamba walitoa dola 20.

Akaunti mbili

Alipowauliza marafiki zake kwa nini hawatoi kwa mashirika ya misaada, jibu lililojirudia lilikuwa kwamba hawajui fedha zinaishia wapi. Ndipo akafungua akaunti mbili za benki zisizochanganyika kabisa. Ya kwanza inapokea michango ya umma, na kila senti yake inatumika kwenye miradi ya maji. Ya pili ni ya uendeshaji: mishahara ya ofisini, pango, kompyuta, safari. Hii ya pili hailishwi na umma. Inalishwa na kundi la wafadhili binafsi, zaidi ya familia 100, wengi wao waanzilishi na wakuu wa kampuni za teknolojia, wanaojifunga kutoa kwa miaka kadhaa wakijua kabisa kwamba fedha zao zitalipa wahasibu na karatasi za mashine ya kuchapa. Kundi hilo linaitwa The Well.

Huo ndio umati na meza za klabu, umehamishiwa kwenye sadaka. Watu wengi wanatoa kidogo na wanaonyeshwa kisima chao. Wachache wenye uwezo mkubwa wanabeba nyumba.

Hata makato ya kadi yanaingia humo. Ukitoa dola 100 kwa kadi na kampuni ya kadi ikakata dola 3, shirika linachukua dola 3 kutoka akaunti ya uendeshaji na kuzirudisha kwenye akaunti ya maji, ili 100 ibaki 100. Msomaji wa Kiswahili hahitaji somo refu hapa, maana sisi tukimtumia mama pesa kwa simu tunaweka na ya kutolea. Kiasi unachotaka kimfikie kinamfika kizima, kwa kuwa kuna mtu aliyekubali kubeba makato. Makato yenyewe yapo pale pale.

Jambo ambalo ahadi hiyo haiwaambii wengi ni kwamba hata ndani ya akaunti ya kwanza kuna mishahara. Charity: water haichimbi visima kwa mikono yake. Inazipa fedha taasisi zilizopo katika kila nchi, kama ilivyofanya kwa miaka mingi na Relief Society of Tigray huko Ethiopia ya kaskazini. Taasisi hizo zina waendesha mitambo, wapima maji ya ardhini, madereva, mafuta ya dizeli na walinzi wa stoo. Hizo zote ni gharama za maji, na ni halali kabisa, kwa sababu kisima hakijichimbi. Kwa hiyo “asilimia 100” maana yake ni kwamba mchango wako hauishii ofisi kuu ya Marekani. Unakwenda uwanjani, na huko unalipa watu na vyuma.

Ugumu wa mfumo huu ulionekana mapema. Kufikia 2008 akaunti ya maji ilikuwa na zaidi ya dola 800,000, wakati akaunti ya uendeshaji ilikuwa imekauka kiasi cha kukaribia kushindwa kulipa mishahara. Kukopa kidogo kutoka upande mmoja kwenda mwingine kungetatua shida kwa siku chache, na huenda hakuna mchangiaji ambaye angejua. Harrison alikataa, akawa tayari kufunga ofisi. Aliyemwokoa ni Michael Birch, Mwingereza aliyeanzisha mtandao wa kijamii wa Bebo, aliyeweka dola milioni 1 kwenye akaunti ya uendeshaji. Nakipenda kisa hiki kuliko matangazo yao yote. Kulinda fedha za watu pale zinapokuwa mbali na macho yao, na wewe mwenyewe una njaa, ni kazi ngumu kuliko kuzikusanya.

Pamoja na heshima hiyo, ahadi ya asilimia 100 ina madhara yake, na lazima yasemwe. Inamfundisha mchangiaji kwamba gharama za ofisi ni uchafu, kwamba shirika zuri ni lile lisilotumia kitu kwa ajili yake. Shirika dogo la Mtwara au Bukavu lisilo na rafiki bilionea linatumia sehemu ya michango kumlipa mhasibu, halafu linaonekana kama linaiba. Mwaka 2013 taasisi tatu za Marekani zinazopima mashirika ya misaada, GuideStar, Charity Navigator na BBB Wise Giving Alliance, ziliwaandikia wachangiaji barua ya wazi zikiwasihi waache kutumia asilimia ya gharama za uendeshaji kama kipimo pekee cha ubora. Shirika linaweza kutumia asilimia 5 tu ofisini na visima vyake vyote vikafa ndani ya miaka miwili. Jingine likatumia 25, likaajiri mhandisi mzuri na wafuatiliaji, na maji yakatoka miaka 15. Mimi ningempa huyu wa pili.

Dumu la njano na siku ya kuzaliwa

Nembo ya charity: water ni dumu la njano, lile lile la lita 20 lililokuja na mafuta ya kula na ambalo katika nchi zetu halitupwi mpaka lipasuke. Sisi tunalijua uzito wake. Likijaa ni kilo 20 za maji, mpini wake mwembamba unakata vidole, na ukilibeba upande mmoja kiuno kinapinda. Kwenye hafla za shirika huko New York, wageni waliovaa suti na magauni walipewa madumu mawili yaliyojaa maji na kuombwa watembee nayo mbele ya wenzao. Watu wazima wenye afya walifika mwisho wakihema. Hilo ni wazo la promota kwa kila hali: badala ya kumweleza mgeni takwimu, mpe kitu cha kushika.

Ujanja wake mkubwa zaidi ulikuwa siku ya kuzaliwa. Mwaka 2007, akitimiza miaka 32, aliwaomba watu wasimletee zawadi, wachangie dola 32 kila mmoja. Zikaja dola 59,000. Wengine wakaiga, mtoto wa miaka 7 huko Austin, Texas, alipita nyumba kwa nyumba na kukusanya dola 22,000. Ilipofika 2009 shirika lilifungua jukwaa ambapo mtu yeyote angeweza kutengeneza ukurasa wake wa kuchangisha na kuutuma kwa jamaa zake. Kila mchangiaji akageuka kuwa promota mdogo mwenye orodha yake. Anayeombwa na mpwa wake au rafiki wa shule hawezi kupita kimya kimya kama anavyopita tangazo.

Nguvu ya mfumo huo ilionekana kwa uchungu mwaka 2011. Msichana wa jimbo la Washington aliyekuwa akitimiza miaka 9 alifungua ukurasa akitaka kufikisha dola 300. Akapata 220, ukurasa ukafungwa. Wiki chache baadaye alifariki katika ajali ya gari. Ukurasa ulifunguliwa tena, habari ikasambaa, na michango ikapita dola milioni 1.2, mingi ikiwa ya dola 9 kwa kumbukumbu ya umri wake. Mwaka uliofuata mama yake alikwenda Ethiopia kuona visima vilivyotokana na ukurasa wa binti yake.

Udhaifu wa siku ya kuzaliwa ni kwamba mtu anaitoa mara moja tu. Ukishawaomba ndugu na marafiki mwaka huu, mwakani unaona haya. Shirika lilikuwa likianza kila mwaka kutoka sifuri, na katikati ya miaka ya 2010 mapato yake yalishuka. Kisha Facebook yenyewe, mwaka 2017, ikaweka kitufe cha kuchangisha siku ya kuzaliwa kwa ajili ya maelfu ya mashirika, na ndani ya mwaka mmoja ikatangaza kwamba watumiaji walikuwa wamechangisha zaidi ya dola milioni 300. Wazo lililomtofautisha Harrison likawa mali ya kila mtu.

Jibu lake lilikuwa limeshaanza mwaka mmoja kabla. Alitazama namna watu wanavyolipia muziki na filamu mtandaoni, kiasi kidogo kinachokatwa kila mwezi bila kuulizwa tena, na mwaka 2016 akaanzisha The Spring, kundi la wachangiaji wa kila mwezi. Kwa mhasibu hii ni tofauti kubwa sana. Sherehe haikuambii mwakani utakuwa na nini. Makato ya kila mwezi yanakuruhusu kumwahidi mshirika wa Ethiopia kazi ya mwaka ujao.

Pampu ikinyamaza

Septemba 2010 Harrison alijaribu kuwaonyesha wachangiaji kisima kikichimbwa moja kwa moja mtandaoni, katika kijiji cha watu wa jamii ya Wabayaka, Jamhuri ya Afrika ya Kati. Mtambo ulichimba, shimo likaporomoka, maji hayakupatikana. Watu walikuwa wametoa fedha zao kwa ajili ya kijiji hicho hicho. Shirika lilitoa video likisema wazi kwamba limeshindwa. Wengi walitarajia wachangiaji watakimbia. Hawakukimbia, na baadaye shirika lilirudi kujaribu tena. Kwangu huo ndio uaminifu ambao ahadi ya asilimia 100 ilikuwa inautafuta, na ulipatikana siku fedha zilipopotea ardhini.

Lakini shimo kavu ni tatizo la siku ya kwanza. Lililo zito ni la mwaka wa sita. Mwaka 2009 mtandao wa wataalamu unaoitwa Rural Water Supply Network ulikadiria kwamba kati ya pampu za mkono zilizopo Afrika kusini mwa Sahara, takriban asilimia 36 zilikuwa hazifanyi kazi. Sababu zinajulikana na anayeishi kijijini anaweza kuzitaja bila kusoma ripoti: mpira wa pistoni umechakaa na duka la vipuri liko kilomita 80, bomba la chuma limeliwa na kutu, kamati ya maji ilikusanya fedha mara mbili halafu mwekahazina akahama, fundi aliyepewa mafunzo alipata kazi mjini. Picha iliyotumwa kwa mchangiaji siku ya uzinduzi ilikuwa ya kweli kabisa. Haikumwonyesha tu kilichofuata.

Charity: water ililiona hilo, na mwishoni mwa 2012 ilipata dola milioni 5 kutoka Google ili kutengeneza vifaa 4,000 vya kuwekwa ndani ya pampu, vinavyopima kama maji yanatoka na kutuma taarifa kwa mtandao wa simu. Hatua hiyo naiheshimu, kwa sababu inaliweka shirika katika hali ya kujishitaki lenyewe: kisima kikifa, ramani inaonyesha. Hata hivyo kifaa kinatoa habari tu. Lazima kuwe na mtu wa kwenda kule na spana, na huyo analipwa na nani?

Jibu zuri zaidi ninalolijua limetoka Kenya. Huko Kyuso, kaunti ya Kitui, watafiti wa Chuo Kikuu cha Oxford waliweka vifaa vidogo kwenye mipini ya pampu za mkono mnamo 2012 na 2013. Mpini ukipandishwa na kushushwa, kifaa kinahesabu na kutuma ujumbe. Ukinyamaza, fundi wa eneo anapata taarifa. Kabla ya mpango huo pampu iliyoharibika ilikaa wastani wa siku 27 bila kutengenezwa. Baada yake ilikaa chini ya siku 3. Kutokana na majaribio hayo ikaanzishwa huduma ya matengenezo iitwayo FundiFix katika kaunti za Kitui na Kwale, Kwale ile ile ambako pampu ya mkono ya aina ya Afridev ilifanyiwa majaribio miaka ya 1980. Watumiaji wa pampu wanalipa ada ya mwezi, na fundi anabanwa na mkataba wa kufika haraka.

Ada hizo hazitoshi. Kijiji cha wakulima wanaotegemea mvua hakiwezi kubeba gharama zote za fundi, pikipiki yake na stoo ya vipuri, hasa msimu wa masika watu wanapokinga maji ya paa na pampu kukaa bila kutumika. Pengo linazibwa na mfuko maalumu wa matengenezo, ambao wafadhili wake wanalipia vali, fimbo za pampu na mafuta ya pikipiki mwezi baada ya mwezi, kwenye visima ambavyo pengine vilichimbwa na mtu mwingine zamani na vina jina la mtu mwingine kwenye kibao.